Mwaka Tulioingilia Mlango wa Jikoni

Juma lililopita simu yangu ililia nikiwa juu ya ngazi, nafunga taa katika ukumbi wa arusi hapa Vulamba, mtaa wa Butembo, na jina nililoliona kwenye kioo lilinishusha ngazi nzima kwa mruko mmoja. Ya Masika! "Ya" ndivyo tunavyomwita dada mkubwa huku kwetu, hata kama hamkuzaliwa tumbo moja, na huyu ni dada yangu mkubwa wa kazi, mwanamke wa Beni anayetengeneza filamu kuhusu wasanii wa siku hizi wakiwa katikati ya kazi yao. Filamu zilimchukua zikampeleka mbali, kwanza Kinshasa, halafu kwenye miji ambayo majina yake mimi siwezi kuyatamka bila kunywa maji kwanza, na kwa miaka mingi sauti yake niliisikia kwenye simu tu, siku za sikukuu.

"Kakule, uko muzima?"

"Niko muzima, Ya! Uko wapi? Bulaya? Mbinguni?"

"Niko ku Beni, nyumbani. Kesho kutwa nafika kwenu. Tutaenda kwa Mama Kahindo." Akashusha sauti, na mimi ninamjua, akishusha sauti ndipo jambo lenyewe linakuja. "Mais, lakini sikia. Tumepotea hii myaka yote. Tukifika kule, tutaingilia mulango gani?"

Nilikaa chini kwenye kiti cha bwana arusi, kile chenye maua ya plastiki, nikaanza kung'oa maua hayo moja moja. Hata mimi, niliyebaki mji huu huu, arusi zilinila nikawa sijakanyaga kwake miaka yote hiyo. Mtu wa kupita angesema mlango ni mlango, bisha hodi uingie. Lakini mtu huyo hakuwa pamoja nasi mwaka ule, wakati Mama Kahindo mshonaji alipokuwa anakimbizana na macho yake mwenyewe ili ashone shamba lake kabla hayajafungwa, na sisi wawili na kamera yetu tulikuwa karibu kumfungia njia, kwa sababu tu ya mlango tuliokuwa tunaingilia.

Ulikuwa mwaka niliopata diploma yangu ya shule ya magharibi, ile ya watu wazima wanaosoma jioni baada ya kazi. Nilisoma na wauza kahawa, na mafundi wa pikipiki, na baba mmoja aliyekaa benchi moja na mtoto wake akimwibia majibu, na ndevu zangu zilimshinda mwalimu kwa urefu na heshima. Mchana nilikuwa kameramani wa arusi, wa kwanza katika Butembo yote, na ukikataa Butembo yote basi nipe barabara yetu peke yake. Kamera ya arusi kwetu ina sheria moja: hakuna mtu wa kusahauliwa. Ukimwacha shangazi mmoja nje ya picha, ukoo mzima utakuandama mpaka ufe, halafu watakuja kwenye matanga yako kuulizia picha ya shangazi. Donc, basi, nilijua kupanua picha mpaka kuta za ukumbi zilie. Nilijua pia kuwarudilisha watu: bibi arusi kata keki tena, bwana arusi mlishe tena, tabasamu hilo halikutosha, tena, mpaka keki inageuka unga wa chapati. Kuhusu jina langu sina la kujivunia. Kwetu mtoto hupewa jina kwa kufuatana na zamu yake ya kuzaliwa, na mimi ni mvulana wa nne, Kakule, ita "Kakule!" sokoni na nusu ya mji itageuka, na nusu iliyobaki itakuambia ni mdogo wao.

Ya Masika alinikuta kwenye arusi ya binamu yake. Hakunitazama nilipokuwa mbele nawapanga watu kama viazi vya mnada. Alinitazama nilipochoka, nikazunguka nyuma ya ukumbi na kuanza kuwapiga picha akina mama waliokuwa wanasonga bugali katika sufuria ambayo ng'ombe angeweza kuoga ndani na kukaribisha jamaa zake. Akasimama pembeni yangu, mwanamke mwembamba mwenye koti la mvua, hata kama mvua ilikuwa haijanyesha.

"Bale bamama, uliwaambia barudilie?" akauliza.

"Ya, nani anaweza kuambia mama mwenye mwiko arudilie?"

"Kuya kesho," akasema, na kazi nikaipata hivyo. Aliniuliza jambo moja zaidi, kama ninaweza kusimama mahali bila kusema, nami nikamjibu ndiyo. Ni uongo mkubwa kuliko wote niliowahi kusema, na mimi si maskini wa uongo.

Alikuwa amepanga chumba juu ya duka la mabati, kitanda, meza, jiko la makaa mlangoni, na ukuta mmoja uliopakwa chokaa. Siku ya kwanza alinipa sahani ya maharagi na ndizi za kupika, akawasha mashini yake ya kurushia picha, akanionyesha ukutani kazi aliyoifanya Kanyabayonga kwa fundi mmoja anayechonga milango kwa mbao za malori yaliyokufa barabarani. Fundi huyo huchonga juu ya kila mlango sura za watu anaowaona wakipita njiani, muuza kabichi, askari, mtoto mwenye jeri, lile dumu la maji. Katika filamu hakusema kitu. Tulimwona akitafuta, kwa patasi na kidole gumba, mahali ambapo pua inaanza kuwa pua. Kidole kinapita, kinarudi, kinapita, kinagoma. Patasi inagusa kidogo. Kidole kinarudi, na kinakubali. Nilikuwa nimekwisha kuona watu wakifanya kazi tangu nizaliwe, Butembo ni mji ambao hata kuku wana haraka ya biashara, lakini nilikuwa sijawahi kumwona mtu *anafikiri kwa kidole*. Nikauliza ataanza kuongea saa ngapi.

"Haongee."

"Basi batu batajua namna gani kama ni mutu mukubwa?"

"Wewe umejua namna gani?" akasema, na akanionyesha sahani yangu. Maharagi yalikuwa yamepoa, sikuyagusa. Ukimwuliza mke wangu leo atakuambia kwamba hilo halijatokea tena katika maisha yangu, si kwa mazishi, si kwa malaria.

Sheria zake zilikuwa mbili. Ya kwanza, haturudilishi mtu: kilichopita kimepita, kamera ingekuwa macho. Ya pili, anayepiga filamu hagusi kazi, hapokei nyundo, haokoti kilichoanguka, na haonekani. "Sisi ni ukuta," alikuwa anasema. Mimi nilijiona kuwa ukuta wenye tumbo, lakini nikakubali.

Basi tukaenda kwa Mama Kahindo. Nyumba yake iko hapa hapa Vulamba, kwenye mteremko, udongo uliopigwa simenti mbele na kuachwa udongo nyuma, na kabla hujafika unaona kamba imefungwa kutoka mti hadi mti na juu yake mashamba yameanikwa. Sisemi kwa mfano. Mama yule alikuwa anashona mashamba. Alikuwa ametoka upande wa Beni wakati vijiji vya kule vilipokimbiwa, alikuja na kikwembe, yaani kitenge, alichokivaa na mashini ya kushona ambayo mtu alimbebea kwa baiskeli, na watu wengine waliokimbia kama yeye walipojua kwamba anashona wakaanza kumletea nguo. Mmoja alileta kikwembe cha kubebea mtoto, mwingine koti la marehemu baba yake, mwingine gunia la kahawa, na kila mmoja alikaa akamweleza namna shamba lake lilivyolala: njia inashuka vipi, kahawa iko mkono gani, muhogo, maharagi, jiwe kubwa la kukalia. Naye alikata, akapanga, akashona, na mtu alienda nyumbani na shamba lake limekunjwa chini ya kwapa, au akamwachia alitunze kama hana pa kulitundika. Niliposimama mbele ya kamba ile mara ya kwanza upepo ulipita, na mashamba kumi, ishirini, mia, yakapumua yote pamoja. Nikasahau kufungua kamera. Ya Masika naye alisahau kunikaripia.

Ila tatizo likaanza palepale. Tulibisha hodi mlango wa mbele, kama watu waliolelewa, na Mama Kahindo akafungua, mwanamke mnene mwenye kitambaa cheupe kichwani, akapiga makofi.

"Bageni! Karibuni, karibuni! Muikale, muikale! Kazi haikimbie!"

Yeyote aliyelelewa na mama wa Kinande, kabila letu, anajua kilichofuata. Mgeni akiingia, kazi inalala. Kushona huku mgeni anakutazama ni kumwambia kwamba nyuzi zako ni bora kuliko yeye. Alifunika mashini kwa kitambaa cha kroshe, akatufutia viti ambavyo vilikuwa safi kuliko mashati yetu, akaagiza sukre mbili, soda za chupa, akaenda kubadili nguo, akarudi amevaa za kanisani, na kuku akalia nyuma ya nyumba kwa sauti ya kiumbe aliyeelewa mambo. Sala ya kubariki chakula ilipita Masereka, ikazunguka Lubero yote, ikarudi, na mchuzi ukawa umeganda. Tukala. Tukaaga. Kazi hatukuiona hata sindano.

Kesho yake vilevile. Na kesho kutwa. Ya Masika alipenda mwanga wa asubuhi, ule unaoingia chini ya paa na kulala juu ya meza kama paka, kwa hiyo tulifika mapema kila mara, na kila mara tukakuta mashini inafunikwa. Alimwambia, "Mama, endelea tu, usituangalie," na Mama akacheka kama mtu aliyeambiwa atembee uchi. Nadhani tulimaliza kuku wa mtaa ule na kuanza wa mtaa wa pili. Mimi nilinenepa, na sitaficha kwamba niliuona kuwa mwanzo bora wa sinema. Kamera ilipata kazi ya kupiga picha mashamba yaliyoanikwa, basi, kitambaa baada ya kitambaa.

Ni katika picha hizo Ya Masika alipoona. Tulikuwa chumbani kwake, nachambua mahindi ya kuchoma, naye anatazama ukuta wa chokaa, anasimamisha, anarudisha nyuma, anasogea mpaka pua inagusa chokaa. "Kakule, angalia mushono." Mashamba ya zamani yalishonwa kwa mishono midogo kama sisimizi wakienda kanisani. Yaliyofuata, mishono ilikua, ikawa kama mchele. Na yale mapya, yenye uzi ambao ulikuwa haujapauka juani bado, mishono ilikuwa mirefu kama meno ya kitana, na mahali pengine ilipita nje ya nguo na kurudi. Alizima mashini. Asubuhi tulipofika, alikataa kuketi, akamshika Mama mkono, akauliza kwa sauti ya chini, "Mama, macho?"

Mama Kahindo aliangalia mlangoni kwanza. "Daktari wa macho alisema itafungwa. Kidogo kidogo. Sasa ni asubuhi tu njo naona, jua ikiwa pale ku dirisha. Ikipita paa ya jirani, kwisha, ni kama moshi."

"Na ile yote ya pale inje, umeshona ya batu tu? Yako iko wapi?"

"Yangu sijashona." Alijifuta mikono kwenye kikwembe ingawa ilikuwa mikavu. "Nilisema niwamalizie bengine kwanza. Sasa nafasi imekuwa fupi. Mais, mwanangu, muikale, sukre inakuya."

Nilimwona Ya Masika akielewa, na ilikuwa kama kumwona mtu anamwagiwa maji. Mwanga ule wa asubuhi tuliokuwa tunauwinda ndio mwanga peke yake aliobaki nao, na kila siku tuliyofika aliukata wote akatuandalia mezani, pamoja na kuku. Tulikunywa sukre zetu. Zilikuwa chungu, hata kama kiwanda kiliapa vingine.

Kesho yake nilimsubiri njiani na kamera begani. Ya Masika akafika amevaa kikwembe kilichopauka, kapu la viazi vya Masereka kichwani, bila koti la mvua.

"Ya, filamu iko wapi?"

"Mu saloni ya kukaribishia bageni hamuna filamu. Ficha ile kamera, kamata jeri."

Akapita kando ya nyumba, kwenye kile kinjia chembamba kinachopitwa na watoto wa nyumba, kuni na mbuzi, akaingia jikoni kwa nyuma bila hodi, akakaa kwenye kigoda na kuanza kumenya viazi. Mama Kahindo alitoka mbio. Alileta kiti. Ya Masika hakukikalia. Alimnyang'anya kisu, Ya Masika akatoa kingine kwenye kapu. Alimnyang'anya kiazi, Ya Masika akachukua kiazi kingine, na kapu lilikuwa na viazi vya kutosha vita hiyo. "Mugeni hamenye!" "Hakuna mugeni hapa, Mama." "Batu batasema nini?" "Batasema Mama Kahindo ameongeza batoto." Mimi nilitumwa maji, na nikiri kwamba kutoka chemchemi ya chini mpaka nyumba ile ni umbali wa Butembo hadi Yerusalemu, wote wa kupanda. Siku nzima Mama alizunguka kama kuku asiye na kiota, na hakushona. Siku iliyofuata tukarudi, kwa nyuma. Na iliyofuata. Nilitengeneza paa la jiko, nikapasua kuni, nikatimua mbuzi, na kamera ikalala ndani ya kapu chini ya majani ya sombe, kisamvu chetu.

Halafu asubuhi moja nilikuwa nimesimama dirishani, napumzika na jeri mkononi, nafurahia jua mgongoni, na kutoka ndani sauti ikanipiga kama kiatu:

"Wewe Kakule! Uko unasimama mu mwangaza yangu kama kabati! Toka pale! Na maji niliyokuambia ulete tangu jogoo iwike, iko wapi? Miguu mizito kama ya bwana arusi!"

Niligeuka. Mashini ilikuwa imefunuliwa. Mama Kahindo alikuwa ameinama juu yake, miwani kwenye ncha ya pua, kikwembe cha mtu mikononi, na hakuniangalia tena. Nyuma yangu Ya Masika alisema polepole, kama mtu aliyeona swala na hataki akimbie, "Toa kamera. Tumezaliwa." Nimesifiwa na maharusi, na wachungaji, na mara moja na mbunge aliyelewa, lakini hakuna sifa iliyowahi kuniingia kama tusi lile.

Tangu siku hiyo tulipiga filamu. Asubuhi mwanga ulikuwa wake, na sisi tulikuwa pembeni mwa mwanga, mmoja na kamera, mwingine na kisu na viazi, kwa zamu. Nilimwona mama mmoja akileta kipande cha kikwembe cha bluu na kuanza kueleza: "Unashuka, unaona ndizi ya marehemu mama mukwe, ile ambayo haikuzalaka vizuri." Na Mama Kahindo, badala ya kushona, akauliza: "Ulikuwa unapita pale asubuhi ao magharibi?" "Asubuhi." "Basi kivuli ilikuwa upande gani?" Mama yule alifumba macho, akageuza mwili wake mzima pale kwenye kigoda, akanyoosha mkono kuonyesha kivuli cha mgomba ambao labda umekwisha kukatwa, na Mama Kahindo akachukua kitambaa cheusi, akakiweka pale pale kivuli kilipoanguka. Mwenye shamba alipokiona alisema tu "Wasingya," asante kwa lugha yetu, akakaa akikipapasa mpaka chai ikapoa. Nilisoma jiografia shule ya magharibi, nilichora mito ya Afrika yote na nikapata pointi nzuri. Lakini sikujua kwamba nchi inaweza kutoka mdomoni mwa mtu ikalala juu ya meza namna hiyo.

Likabaki shamba la Mama Kahindo mwenyewe. Alikata vitambaa vyake mwenyewe, kikwembe kile alichokuja nacho, akavipanga, akavipangua, akavipanga. Nywele zake zilitoka kitambaani. Ikafika siku akaweka mkasi chini.

"Ya bengine nashona sababu bananiambia," akasema. "Yangu, nani ataniambia? Kijito inapinda wapi, fasi gani? Nilikuwa naenda pale kila siku, mais nilikuwa naangalia jembe. Marehemu bwana yangu njo alikuwa anaangaliaka maji."

"Nani mwingine alilima kule?" Ya Masika akauliza.

"Shemeji yangu Kasereka. Iko ku Beni."

Tukaenda Beni, sisi watatu. Ukitoka baridi ya Butembo na kushuka kule, joto linakupokea kama shemeji mwenyewe, kwa mikono miwili, na harufu ya kakao inayokauka inakufuata mpaka kitandani. Papa Kasereka, mzee mrefu aliyepungukiwa meno, alikuwa na turubai la kakao limetandazwa uani. Alimsikiliza shemeji yake mpaka mwisho. Kisha akaketi juu ya turubai, akaanza kusukuma kakao kwa kiganja, akipanga mistari: njia hapa, mpaka wa jirani hapa, kahawa hapa. Watu wa kijiji chao waliokuwa wanakaa karibu wakaja mmoja mmoja, na kila aliyefika alikuwa na neno.

"Avoka ilikuwa huku ya kijito," akasema mama mmoja, akiweka punje moja ya kakao kuwa ule mparachichi.

"Uongo! Ilikuwa ng'ambo," akasema Papa Kasereka. "Nani aliangukaka pale akavunja jino? Si mimi?"

"Wewe ulivunja jino juu ya kulewa kasiksi, hapana juu ya avoka!"

Uwanja ulicheka, hata yeye alicheka, na pengo likathibitisha habari yote. Mama Kahindo hakucheka. Alivua viatu. Akaingia katika shamba lile la kakao kwa miguu mitupu, taratibu, mikono mbele kidogo, kwa sababu ilikuwa mchana na kwa macho yake ulikuwa moshi mtupu. Watu wakampisha. Alifuata njia, akapita kahawa, akateremka, nakuambia *aliteremka*, kwenye uwanja uliokuwa tambarare kama meza, magoti yake yakikaza kama ya mtu anayeshuka mlima. Akasimama. "Hapana. Kijito haipinde hapa. Mbele kidogo." Mzee akasogeza kakao. "Mbele tena." Akasogeza. Akaingiza mguu. "Hapa. Hapa njo alikuwa anaoshaka miguu, ananingojea." Ya Masika alikuwa ameshika shati langu nyuma, kwa nguvu, na ndiyo maana sehemu hiyo ya filamu inatikisika, wataalamu wa mbali waliandika kwamba ni mtindo.

Tuliporudi mvua zilikuwa zimeanza, na asubuhi za Butembo zikawa za ukungu. Mwanga ambao ulikuwa mkate ukawa kipande, kisha makombo. Mama alishona katika makombo hayo. Nilipiga picha mikono yake ikijifunza kazi ya macho, kidole cha kushoto kinatangulia kama mtoto anayeongoza kipofu, kinasema hapa, na sindano inakuja. Kona moja tu ilikuwa imebaki, ile ya ng'ambo ya kijito yenye avoka. Akapapasa kwenye rundo la vitambaa, akainua kimoja.

"Hii ni ya kijani ao ya buluu?"

Mimi nilikuwa nyuma ya kamera, Ya Masika alikuwa ukuta, na ukuta hauna rangi.

"Niko nauliza batu," akasema Mama Kahindo, na sauti yake haikuwa ya kufoka. Ilikuwa ndogo. Ndiyo mara ya kwanza niliyomsikia akiogopa.

Ya Masika akavunja sheria yake. Alitoka pembeni, akaingia mbele ya kamera yake mwenyewe, akapiga magoti kando ya mashini. "Ni ya kijani, Mama."

"Kijani ya muhogo ao ya avoka?"

"Ya muhogo."

"Basi nipe ingine."

Walifanya hivyo mpaka mwisho, mmoja anatafuta rangi na kutia uzi kwenye sindano, mwingine anashona, vichwa viwili karibu vigusane. Mgongo wa Ya Masika ulifunika nusu ya meza. Mtu mwenye elimu ya sinema angezima, au angemzunguka ili asionekane. Mimi elimu yangu ilikuwa ya arusi. Nikapanua picha mpaka wote wawili wakaenea, na dirisha, na viazi. Jioni Ya Masika alipoiona picha hiyo ukutani alinigeukia kwa hasira.

"Nani alikuambia uniweke mule?"

"Ya, hakuna mutu wa kusahauliwa."

Akairudisha nyuma, akaitazama mara ya pili. Picha hiyo aliiacha, na ndiyo inayofunga filamu, isipokuwa kitu kimoja kinachofuata. Asubuhi ile uzi wa mwisho ulipokatwa, tulitandaza shamba sakafuni. Lilikuwa kubwa, lilijaza chumba, mashini ikabidi isukumwe ukutani. Nilidhani atalipapasa kwa mikono. Mama Kahindo alivua viatu, akapanda juu yake. Akashuka njia, akapita kahawa, akafika kwenye kijito akainua kikwembe kidogo, kama mtu asiyetaka kulowa, akavuka, akasimama chini ya avoka. Jua lilikuwa limekwisha kupita paa la jirani.

"Niko," akasema.

Hayo ndiyo niliyokuwa nayafikiria juzi Ya Masika aliposhuka kwenye gari, ana mvi, ana koti lingine la mvua. Tulikumbatiana mpaka dereva akatupigia honi. Tukapanda mteremko bila maneno mengi, yeye na kapu la viazi alilolinunua njiani, mimi na tumbo langu, ambalo limekua kuliko heshima yangu. Nyumba ni ile ile, mbele wamepaka rangi. Tulipofika mahali ambapo njia inagawanyika, mlango wa mbele ukiwa wazi na kile kinjia kando yake kimejaa majani, Ya Masika alisimama.

"Miaka hii yote," akasema. "Pengine tuko bageni."

Kisha akashika kikwembe chake, akapita kando, nami nikamfuata. Jiko lilikuwa linafuka moshi. Uani, juani, Mama Kahindo alikuwa amekaa kwenye kigoda, amekonda, macho yamefunguka lakini hayashiki kitu, na shamba lake limetandazwa juu ya magoti mpaka chini. Vidole vyake vilikuwa vinatembea. Tukasimama mbele yake. Tulisubiri apige makofi, tusikie karibuni, muikale, tulisubiri kuku alie. Vidole vilifika kwenye kijito, vikasimama.

"Kakule," akasema bila kuinua kichwa, "toka mu mwangaza yangu. Na wewe, Masika, kisu iko palepale."